Riwaya za Visa na Mikasa za Amerika ya Mwanzo: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Maswali haya huja hasa kutoka kwa watu waliotazama filamu ya The Last of the Mohicans, wakatafuta kitabu, wakakwama ukurasa wa thelathini. Mengine yanatoka kwa wanafunzi wa fasihi, na machache kwa wazazi. Majibu ni ya msomaji mwenzenu anayezipenda riwaya hizi, lakini hazimpumbazi.

Amerika ya mwanzo ni ya lini hadi lini?

Hesabu huanza Waingereza walipoweka makazi Jamestown, Virginia, mwaka 1607, ikaenda hadi miongo michache baada ya uhuru wa Marekani kutambuliwa mwaka 1783. Ndani ya kipindi hicho, riwaya nyingi zimerundikana kwenye vita viwili: vile vya Waingereza na Wafaransa vilivyoanza 1754 na kumalizika 1763, na vile vya uhuru vilivyoanza 1775. Wachunga ng'ombe wenye bastola kiunoni ni habari ya baadaye. Humu utakuta misitu, mito, mitumbwi ya magome ya miti na magobori.

Nani aliyeianzisha aina hii ya riwaya?

Jina litakalotajwa daima ni James Fenimore Cooper, mwandishi wa The Last of the Mohicans, ingawa hakuwa wa kwanza. Charles Brockden Brown alikwisha mpoteza mhusika wake mapangoni na msituni katika Edgar Huntly, mwaka 1799. Kule Uskoti, Walter Scott alitoa Waverley mwaka 1814 na kuwaonyesha waandishi namna ya kumtia kijana wa kubuni katikati ya vita vya kweli. Cooper aliichukua mbinu hiyo akaihamishia msituni kwao.

Alizaliwa New Jersey mwaka 1789, akakulia Cooperstown, jimbo la New York, mji ulioanzishwa na baba yake kando ya ziwa Otsego. Chuo cha Yale kilimfukuza, akaenda baharini, kisha akawa ofisa mdogo katika jeshi la majini. Familia yake ilisimulia kwamba siku moja alikuwa akimsomea mkewe riwaya kutoka Uingereza, akaitupa na kusema hata yeye angeandika iliyo bora kuliko hiyo. Mkewe akamwambia, haya, andika tuone. Kitabu cha kwanza, mwaka 1820, hakikuwa na lolote. Cha pili, The Spy, cha mwaka 1821, kinahusu jasusi wa wakati wa vita vya uhuru, na hicho ndicho kilichompa jina.

Vitabu vya Natty Bumppo ni vingapi, na visomwe kwa mpangilio gani?

Ni vitano, na Natty, mwindaji wa msituni, ndiye shujaa wa vyote. Cooper aliviandika bila kufuata umri wake: The Pioneers (1823), The Last of the Mohicans (1826), The Prairie (1827), kisha akapumzika miaka kumi na zaidi, akarudi na The Pathfinder (1840) na The Deerslayer (1841). Ukifuata maisha ya Natty mwenyewe, anza na The Deerslayer, ambamo ni kijana, kisha The Last of the Mohicans, The Pathfinder, The Pioneers ambamo ni mzee, na umalizie The Prairie, ambamo anafia nyikani mbali na misitu yake. Usishangae akibadilishwa jina kila kitabu. Hawkeye, Pathfinder, Deerslayer na Leatherstocking wote ni yeye.

Ushauri wangu ni kuanza na The Pioneers. Mwendo wake ni wa taratibu, na vita karibu havimo, lakini ndicho kitabu ambacho Cooper alikijua kwa macho, kwa kuwa kijiji chake ni Cooperstown ya utotoni mwake kwa jina jingine. Kuna mahali njiwa wa porini wanapita angani kwa wingi wa kuziba jua. Wanakijiji wanatoka na bunduki, fito na pinde, na mwishowe wanakokota mzinga mdogo na kuufyatua katikati ya kundi. Njiwa wanaanguka hadi hakuna anayejisumbua kuwaokota. Natty anakuja na bunduki yake, anapiga njiwa mmoja wa kula, anawakemea wengine na kuondoka. Hayo yaliandikwa mwaka 1823. Njiwa wa mwisho wa aina ile alikufa katika bustani ya wanyama ya Cincinnati mwaka 1914.

Katika kitabu hichohicho, mzee huyo anashtakiwa kwa kuua kulungu nje ya msimu, katika msitu aliouwinda kabla sheria hiyo haijafika wala jaji aliyeileta. Msomaji anayeishi jirani na hifadhi hatahitaji maelezo marefu hapo.

Je, mauaji ya Fort William Henry yalitokea kweli?

Yalitokea, lakini si kwa namna wengi wanavyoyakumbuka, na hapa inafaa twende polepole.

Ngome hiyo ya Waingereza, ambayo kuanguka kwake kumo katika The Last of the Mohicans, ilikuwa kusini mwa Lake George, katika jimbo la New York la leo. Mwanzoni mwa Agosti 1757, jemadari Mfaransa Montcalm aliizingira akiwa na watu wapatao 8,000, wakiwemo wapiganaji wa makabila mengi ya wenyeji asilia, wengine waliosafiri kutoka maziwa makuu ya magharibi. Ndani alikuwemo Luteni Kanali George Monro na watu kama 2,300. Jenerali Webb alikuwa Fort Edward, mwendo wa zaidi ya kilomita 20 tu, na hakutuma msaada. Barua ya kumwarifu Monro kwamba asitegemee mtu ilikamatwa njiani, ikiwa imefichwa ndani ya nguo za mjumbe aliyeuawa. Montcalm akaisoma, akangoja hadi mizinga yake ikae sawa, ndipo akampelekea Monro barua yake. Mtunzi angebuni kisa hicho tungesema ametia chumvi.

Tarehe 9 Agosti Monro akasalimu amri. Masharti yalikuwa ya heshima: Waingereza waondoke na bendera zao, bunduki zao na mizigo yao. Tatizo ni kwamba wapiganaji asilia hawakuulizwa. Walikuwa wameitwa kutoka mbali kwa ahadi ya nyara na mateka, na sasa Wazungu wawili wamepatana na wao waende mikono mitupu. Wakawashambulia majeruhi, kisha msafara ulipokuwa ukitoka. Cooper aliyafanya mauaji hayo kuwa makubwa ajabu, na kwa zaidi ya karne wasomaji wakayabeba kama historia. Utafiti wa mwanahistoria Ian Steele, aliyepitia orodha za askari mmojammoja, uliweka idadi ya waliouawa au kupotea baada ya kusalimu amri kati ya 69 na 184. Wengine wengi walichukuliwa mateka, na Wafaransa wakawakomboa kwa malipo.

Jambo ambalo Cooper hakulitilia maanani ni ndui. Ugonjwa huo ulikuwa ndani ya ngome. Wapiganaji walirudi nao makwao, na ukawaua watu wa maziwa makuu kwa wingi.

Monro alikuwepo kweli, na alifariki Novemba mwaka uleule. Wale binti zake wawili wa kitabuni, Cora na Alice, wamebuniwa na Cooper mwenyewe.

Kwa hiyo Mohican wa mwisho alikufa?

Hapana. Wamohican wapo, na ukitaka kuwatembelea nenda Wisconsin, kwenye jumuiya ya Stockbridge-Munsee. Kwao kwa asili ni bonde la mto Hudson. Walisukumwa hadi Stockbridge, Massachusetts, na katika vita vya uhuru vijana wao walipigana upande wa Wamarekani. Wengi walikufa katika pambano moja mwaka 1778, sehemu ambayo leo ni Bronx. Shukrani waliyopewa ni kuhamishwa tena, kwanza katikati ya jimbo la New York, kisha Wisconsin. Cooper alipochapisha kitabu chake mwaka 1826 safari hiyo ya Wisconsin ilikuwa inaendelea. Watu walikuwa njiani na mizigo yao huku riwaya ikiwalilia kama marehemu.

Cooper amechanganya na majina pia. Kijana Mohican wa kitabuni anaitwa Uncas, lakini Uncas wa kweli alikuwa kiongozi wa Wamohegan wa Connecticut, watu wengine kabisa, na aliishi karne ya 17. Hao nao wapo, na wanaendesha kasino kubwa.

Hili ndilo jambo la kuchunga katika riwaya hizi kuliko kosa lolote la tarehe. Waandishi wa karne ya 19 walipenda mwenyeji shujaa, mzuri, mwenye maneno ya busara, mradi tu afe kabla ya ukurasa wa mwisho. Akifa kwa huzuni, ardhi inabaki bila mwenyewe, na hakuna wa kulaumiwa. Ukilijua hilo utaliona kila mahali, hata katika vitabu vilivyoandikwa na watu wenye nia njema.

Filamu ya 1992 inafuata kitabu?

Kidogo sana. Katika filamu ya Michael Mann, Hawkeye ni kijana wa kupendwa, na anampata Cora. Katika kitabu Natty ni mseja wa kudumu asiye na habari na mabinti. Anayempenda Cora kimyakimya ni Uncas, na wote wawili wanakufa. Alice anaolewa na Meja Heyward. (Samahani kwa ambao hawajafika huko, lakini kitabu kina karibu miaka 200.) Filamu pia imeondoa jambo zito: Cora wa Cooper ana damu ya Kiafrika kupitia mama yake aliyetoka visiwa vya Karibi, na baba yake anamwambia Heyward waziwazi. Cooper alithubutu kumfanya huyo kuwa mwanamke jasiri kuliko wote kitabuni, kisha hakuthubutu kumwozesha.

Mbona Cooper anachosha? Au tatizo ni mimi?

Si wewe. Sentensi zake ni ndefu, na wahusika wake husimama kutoa hotuba wakati adui yuko nyuma ya mti. Mark Twain alimcheka vibaya sana katika makala ya mwaka 1895. Alisema katika hadithi ya Cooper, kila pakihitajika ukimya, lazima mtu akanyage kijiti kikavu na kuwaamsha wote. Alipenda pia tukio moja la The Deerslayer, ambapo wapiganaji sita wanaotea juu ya mti ulioinamia mto ili wairukie nyumba inayoelea ikipita chini yao. Inapita polepole mno, lakini wa kwanza anakosea na kuangukia nyuma kabisa, na watano waliobaki wanaruka mmoja baada ya mwingine majini, kwa sababu imekwisha pita.

Twain anachekesha, na mara nyingi ana haki. Hata hivyo, hakuna aliyeuandika msitu kama Cooper kabla yake, na si wengi walioweza baadaye. Ruka hotuba, soma misitu na maji.

Kwa nini mtu anapiga risasi moja halafu anakimbia au kushika shoka?

Kwa sababu bunduki yenyewe ni ya gumegume na ya kushindilia. Askari anang'ata karatasi yenye baruti na risasi, anamimina baruti kidogo kwenye kisahani cha pembeni na kukifunga, anasimamisha bunduki, anamimina iliyobaki mdomoni mwa mtutu, anatia risasi na karatasi, anachomoa ufito na kushindilia, anaurudisha ufito, ndipo anyanyue na kufyatua. Jiwe linapiga chuma, cheche inaangukia kisahani, moto unapenya tundu dogo hadi ndani. Askari aliyefunzwa vizuri aliweza mara tatu kwa dakika. Mvua ikinyesha baruti ya kisahani inalowa, na bunduki inakuwa rungu.

Bunduki ya Natty ni nyingine, yenye mifereji ndani ya mtutu. Risasi huvikwa kitambaa kilichopakwa mafuta na kusukumwa kwa nguvu, kazi inayochukua muda zaidi, lakini inalenga mbali sana kuliko gobori la jeshi. Ndiyo maana mwindaji wa riwaya hujificha na kuchagua shabaha, na askari wa riwaya husimama mstarini wakafyatua kwa pamoja. Mwandishi anayempa shujaa wake risasi tano mfululizo hajafanya kazi yake.

Baada ya Cooper nisome nani?

Kenneth Roberts, mtu wa Maine. Arundel (1930) inasimulia safari ya Benedict Arnold mwaka 1775 kupitia nyika ya Maine kwenda kuishambulia Quebec. Waliondoka kama 1,100, wakafika kama 600. Njiani mashua zilivuja, chakula kikaoza, na watu wakala mbwa na ngozi za viatu. Roberts anakulowesha miguu. Oliver Wiswell (1940) kinawasimulia Wamarekani waliobaki watiifu kwa mfalme wa Uingereza, na kiliwaudhi wengi kwa sababu waasi humo wanaonekana wahuni. Walter Edmonds naye, katika Drums Along the Mohawk (1936), anaeleza vita vya uhuru kutoka kwa wakulima ambao kila mavuno yao yanachomwa moto.

Northwest Passage (1937) ya Roberts hakifai kusomwa peke yake. Sehemu ya kwanza ni uvamizi wa Robert Rogers na askari wake wa msituni dhidi ya St. Francis, kijiji cha wenyeji asilia Waabenaki, Oktoba 1759. Kurudi kwao kwa njaa ni kati ya kurasa bora za riwaya ya vita niwezazo kutaja. Rogers aliripoti kuwa ameua 200. Wafaransa walihesabu maiti 30 hivi, wengi wao wanawake na watoto. Sasa chukua The Winter People (2002) cha Joseph Bruchac, mwandishi anayejitambulisha kuwa na asili ya Kiabenaki. Ni kijitabu cha vijana, kuhusu mvulana wa kijiji hichohicho anayewafuata wavamizi waliomchukulia mama na dada zake. Kisome baada ya Roberts, wala si kabla, uone jinsi wale uliokuwa ukiwaombea wafike salama wanavyoonekana kutoka nyuma.

Wanawake wana nafasi gani zaidi ya kutekwa?

Kutekwa kwenyewe kulianza kama maandishi ya mwanamke. Mary Rowlandson alitekwa na wenyeji asilia Massachusetts mwaka 1676, na kitabu chake cha 1682 kilisomwa sana. Visa vingi vya kutekwa katika riwaya za baadaye vimetokana na mkondo huo. Wapo pia waliokataa kurudi. Eunice Williams alichukuliwa Deerfield mwaka 1704 akiwa mtoto, akakulia kwa Wamohawk, akaolewa huko, na baba yake mchungaji hakufanikiwa kumrudisha. Catharine Maria Sedgwick alilichukua jambo hilo katika Hope Leslie (1827), ambamo dada wa shujaa ameolewa na mwenyeji na anataka kubaki na mumewe. Kilitoka mwaka mmoja tu baada ya kile cha Cooper, na wanawake wake wana akili kuliko wa Cooper wote ukiwajumlisha.

Na Waafrika wako wapi?

Katika riwaya za zamani wako jikoni na pembezoni mwa ukurasa. Katika historia walikuwa kila mahali. Nenda moja kwa moja kwa The Book of Negroes (2007) cha Lawrence Hill wa Kanada, ambacho Marekani kilitolewa kwa jina la Someone Knows My Name. Aminata anatekwa Afrika Magharibi akiwa msichana, anavushwa hadi South Carolina, anakimbilia uhuru New York, anakwenda Nova Scotia, kisha Sierra Leone. Jina la kitabu ni la daftari la kweli. Mwaka 1783 Waingereza walipokuwa wakiondoka New York waliandika majina ya watu weusi wapatao 3,000 walioahidiwa uhuru, na kila jina likawa na umri na maelezo ya mwili, kama bidhaa inayokaguliwa. Mwaka 1792 takriban 1,200 walipanda meli kutoka Halifax kwenda Freetown. Toni Morrison naye ana A Mercy (2008), kifupi na kigumu, cha miaka ya 1680 na 1690, wakati mpaka kati ya mtumwa na mtumishi wa mkataba ulikuwa bado haujakauka.

Nimpe mtoto kipi?

Johnny Tremain (1943) cha Esther Forbes kwa wa miaka kumi na kuendelea. Mwanagenzi wa sonara mjini Boston anaunguzwa mkono na fedha iliyoyeyushwa, kazi inamshinda, naye anajikuta miongoni mwa wanaopanga kumwaga chai ya Waingereza baharini mwaka 1773. Cooper mwache hadi sekondari, na uwe karibu kwa maswali.

Kuna kinachotuunganisha sisi na Amerika ile?

Merikani unaijua, ile nguo ya pamba. Wafanyabiashara wa Salem, Massachusetts, waliileta Zanzibar na kuondoka na pembe za ndovu, sandarusi na ngozi. Mkataba kati ya Marekani na Seyyid Said ulitiwa saini mwaka 1833, na konsuli wa kwanza wa Marekani Zanzibar, aliyeanza kazi 1837, alikuwa mtu wa Salem. Mwaka 1840, Cooper alipotoa The Pathfinder, meli ya Seyyid Said iitwayo Sultana ilitia nanga New York chini ya Ahmad bin Naaman, ikiwa na karafuu, tende, kahawa, pembe na farasi wawili wa kumzawadia rais. Wamarekani waliikarabati meli bure, na msanii akamchora Ahmad akiwa na kilemba chake. Mwandishi wa Kiswahili anayetafuta riwaya ya baharini asiende mbali.

Navipata wapi bila gharama?

Vya Cooper, Sedgwick na Brown havina tena hakimiliki. Project Gutenberg inavyo vya kupakua bure kwenye simu, na LibriVox ina vya kusikiliza. Epuka matoleo yaliyofupishwa ya The Last of the Mohicans kama unasomea mtihani, maana mara nyingi wanaanza kwa kukata historia ya Cora. Vya Hill, Morrison na Bruchac utanunua au kuazima maktaba.